Mkopo wa nyumba wa miaka 20: gharama yake ya kweli ni ipi?

Ummu Nasra (Unguja) ameuliza:

Assalamu alaykum ndugu zangu. Mimi ni mwalimu wa skuli ya sekondari hapa Unguja na mume wangu anafanya kazi bandarini. Tuna watoto watatu, na kwa miaka tisa sasa tumekuwa wapangaji katika mitaa mitatu tofauti, kila mara tukitoa kodi ya miezi sita kwa mkupuo, na kila mara tukihamishwa mwenye nyumba anapotaka kumweka mwanawe aliyeoa. Kodi tunayolipa sasa ni shilingi 300,000 kwa mwezi.

Mwezi uliopita tuliona nyumba ya vyumba vitatu upande wa Tunguu, ambayo mwenyewe anaiuza shilingi milioni 75. Sisi tunazo milioni 15, zilizotokana na upatu wangu na kiwanja cha urithi alichouza mume wangu. Milioni 60 zilizobaki, benki moja hapa mjini imekubali kutukopesha kwa miaka 20, kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, na nyumba yenyewe ndiyo itakayowekwa rehani. Afisa alitwambia kwamba rejesho letu litakuwa shilingi 880,000 kwa mwezi. Kwa mishahara yetu miwili tunaweza kulilipa, ingawa kwa kujibana.

Usiku ule, watoto walipolala, nilizidisha 880,000 kwa miezi 240, nikapata 211,200,000. Nilidhani nimebonyeza vibaya, nikarudia mara tatu. Siku ya pili nilimpigia afisa, akanijibu kwa upole kwamba hizo ni hesabu za muda mrefu na kwamba mimi niangalie rejesho la mwezi kama linanitosha. Jibu hilo halikuniridhisha.

Naomba kuelimishwa kwa mambo matatu. Inakuwaje mkopo wa milioni 60 uzae nyongeza ya milioni 151? Je, milioni 211 ndiyo gharama yote, au nyuma yake kuna nyingine? Na mama mkwe wangu, aliyeko Pemba, anashikilia kwamba tununue kiwanja tujenge kidogo kidogo kama walivyofanya wao. Hesabu ya njia hiyo ikoje kwa ukweli? Suala la riba kwa upande wa dini tunalijua na linatukosesha usingizi, kwa hiyo mwenye ujuzi wa benki za Kiislamu naye asisite.

Mstaafu wa Mikopo (Mjini Magharibi) amejibu:

Wa alaykum salaam, mwalimu. Nilikaa katika idara ya mikopo kwa miaka 22, na nakiri kwamba jibu ulilopewa na afisa yule nami niliwahi kuwapa wateja wengi. Hesabu yako ni sahihi. Ngoja nikuonyeshe imetoka wapi.

Riba ya mkopo wa aina hii huhesabiwa kila mwezi juu ya salio la deni. Mwezi wa kwanza mnadaiwa milioni 60 kamili. Asilimia 17 ya milioni 60 ni 10,200,000 kwa mwaka, na ukigawa kwa 12 unapata 850,000. Basi katika rejesho lenu la kwanza la 880,000, shilingi 850,000 ni riba, na zinazopunguza deni ni 30,000 tu. Mwezi wa pili mnadaiwa 59,970,000, riba inashuka kwa shilingi mia nne na kidogo, na deni linapungua kwa 30,000 na ushei. Mambo huenda hivyo kwa miaka mingi, kama anayechota maji ya kisima kwa kijiko.

Baada ya miaka mitano mtakuwa mmeipa benki 52,800,000. Salio la deni siku hiyo litakuwa kiasi cha 57,200,000. Baada ya miaka kumi mtakuwa mmetoa 105,600,000, na bado mtadaiwa karibu 50,600,000. Nusu ya deni hamuifikii katikati ya safari, bali mwaka wa 16 ukishamalizika. Na ni katika mwezi wa mwisho wa mwaka huo huo wa 16 ndipo, kwa mara ya kwanza, sehemu ya rejesho inayokwenda kwenye deni inaizidi ile inayokwenda kwenye riba. Hapana udanganyifu ndani yake, ni hesabu, lakini ni hesabu ambayo mkopaji huwa haoneshwi isipokuwa aiombe. Karatasi yake ni jedwali la marejesho, lenye mstari mmoja kwa kila mwezi. Msisaini kitu kabla ya kulishika mkononi.

Maana yake kwa maisha yenu ni hii: mkilazimika kuuza nyumba katika mwaka wa tano, kwa sababu ya uhamisho wa kazi au maradhi, mtarudi benki na deni ambalo ni karibu lile lile mlilochukua.

Sasa angalia muda, kwa sababu muda ndio unaokula zaidi. Mkopo huo huo, kwa riba hiyo hiyo, ukilipwa kwa miaka 15 rejesho lake ni kiasi cha 923,000 na jumla yake ni milioni 166. Yaani kati ya miaka 15 na 20 unafuu mnaoupata ni shilingi 43,000 kwa mwezi, nao unawagharimu milioni 45. Kwa miaka 10 rejesho ni kama 1,043,000 na jumla ni milioni 125. Tena hata mkichukua ule wa miaka 20, mkiongeza laki moja juu ya kila rejesho tangu mwezi wa kwanza, deni litakwisha katika miaka 12, na jumla itashuka hadi karibu milioni 141. Laki ile ya mwezi wa kwanza inapunguza deni kwa kiasi ambacho marejesho ya kawaida yangechukua miezi mitatu kukipunguza, kwa hiyo inafuta marejesho matatu ya mwisho, yaani zaidi ya milioni mbili na nusu. Hata mimi, niliyezeekea katika kazi hiyo, huishangaa bado.

Kuhusu asilimia 17 yenyewe, si ya ajabu katika soko letu. Mwaka 2010, ilipoanzishwa TMRC, kampuni inayozipa benki za Tanzania fedha za muda mrefu kwa ajili ya mikopo ya nyumba, riba za mikopo hii zilikuwa asilimia 22 hadi 24. Katika miaka ya karibuni zimekuwa zikizunguka kati ya 15 na 19. La kuangalia zaidi ni kama riba yenu imefungwa au inaweza kubadilika. Mkataba ukisema benki inaweza kuirekebisha, fanya hesabu ya siku mbaya: ikipanda hadi asilimia 19 baada ya miaka mitano, rejesho lenu la 880,000 litakuwa kama 962,000, nanyi mlikuwa mkijibana tayari.

Na ukienda kwingine kulinganisha, ukatajiwa asilimia 10, uliza kwanza inahesabiwa juu ya nini. Wako wanaoihesabu juu ya mkopo wa awali wote hadi siku ya mwisho, hata kama umeshalipa nusu yake. Milioni 60 kwa asilimia 10 ya namna hiyo, kwa miaka 10, ni rejesho la milioni moja kila mwezi, ambalo kwa hesabu ya salio ni sawa na riba ya karibu asilimia 16.

Mwana wa Kengeja (Pemba) amejibu:

Mwalimu, mimi ni mmoja wa hao waliojenga kidogo kidogo, na nampa pole mama mkwe wako kwa sababu nitamuunga mkono nusu tu.

Nilichimba msingi mwaka 2009 na nikahamia mwaka 2020. Sikulipa riba hata senti moja, na hilo namshukuru Mungu. Lakini wazee wetu wakihesabu gharama ya nyumba huhesabu saruji, mabati na fundi, wakasahau kodi. Kwa miaka 11 ile nilikuwa nikipanga, kwa wastani wa 150,000 kwa mwezi, na ukizidisha kwa miezi 132 unapata karibu milioni 20 ambazo hazikujenga hata kibaraza. Zaidi ya hayo, saruji hatutengenezi sisi visiwani. Inavuka bahari kutoka bara, na kila ninaporudi dukani baada ya mwaka bei si ile niliyoiacha. Matofali niliyoyapanga mwaka wa pili yalinyeshewa masika tatu kabla ya kupanda ukutani, mengine yakawa ya kujazia shimo. Nondo zilizobaki zimesimama juu ya nguzo kwa miaka minne zikala kutu, na fundi alinishauri nizikate nianze upya. Huko kwenu Unguja kuna jambo la mchanga pia, kwa kuwa uchimbaji wake unadhibitiwa na Serikali na haupatikani kwa kuchota tu kama zamani.

Hata hivyo jaribu hesabu hii. Mnalipa kodi 300,000. Tofauti kati ya kodi hiyo na rejesho la benki ni 580,000. Mkiitenga kila mwezi kwa miaka mitano mtapata 34,800,000, na pamoja na milioni 15 mlizonazo, ni karibu milioni 50 za kiwanja na ujenzi. Kule benki, kwa maelezo ya mzee aliyetangulia, baada ya miaka mitano ile ile mtakuwa ndani ya nyumba lakini mnadaiwa milioni 57. Kwa hiyo anayeweza kweli kutenga 580,000 kila mwezi bila ya kuzigusa amemshinda mwenye mkopo kwa mbali.

Tatizo ni hilo neno "kweli". Benki hukata mshahara kabla hujauona. Ujenzi hukuachia uamuzi, na uamuzi hukutana na arusi ya mdogo wako, ada ya mtoto na maradhi ya mzazi. Miezi niliyotenga nilichokusudia, katika ile 132, haifiki 60. Mnajijua wenyewe mko kundi gani.

Jambo jengine, na hili ni kwa njia zote mbili: thibitisheni karatasi. Ardhi ya Zanzibar ni mali ya umma na mtu anachopewa ni haki ya matumizi, chini ya sheria ya umiliki wa ardhi ya mwaka 1992. Barua ya mauziano iliyoshuhudiwa na sheha ni mwanzo mwema lakini haitoshi kuwekewa rehani. Ikiwa muuzaji wa Tunguu hajasajili haki yake, mtauziwa nyumba pamoja na safari za ofisini, na safari hizo zina gharama na zina muda.

Bint Seif (Unguja) amejibu:

Swali lako la pili, dada, ndilo nililoumizwa nalo, kwa hiyo nitalijibu kwa urefu kidogo. Milioni 211 ni marejesho tu. Kabla ya kupewa hata shilingi nilitakiwa kumlipa mthamini, mwanasheria, ushuru wa stempu, usajili wa rehani na ada ya benki ya kushughulikia mkopo. Ada ya asilimia moja tu juu ya milioni 60 ni 600,000, na hizo ni pesa za siku ya kwanza. Baadaye kuna bima mbili, ya jengo na ya maisha ya mkopaji, na hapo ndipo wengi tunapoteleza, kwa sababu benki hukwambia usiwe na wasiwasi, bima itaongezwa ndani ya mkopo. Ikiongezwa ndani ya mkopo nayo inazaa. Kwa riba yenu na muda wenu, kila milioni moja inayoongezwa kwenye deni italipwa milioni tatu na nusu. Kinyume chake ni kweli pia: kila milioni mtakayoiongeza kwenye zile 15 za mwanzo itawaokolea milioni tatu na nusu.

Nyumba nayo ina mdomo. Tulipokuwa wapangaji, paa likivuja tulimpigia simu mwenye nyumba. Sasa mwenye nyumba ni mimi. Hewa yetu ina chumvi, na chumvi haina huruma na mabati, vitasa, pampu wala nondo zilizo karibu na uso wa zege. Mimi hutenga asilimia moja ya thamani ya nyumba kila mwaka kwa matengenezo, ambayo kwa nyumba yenu ni 750,000, na miaka miwili kati ya mitano haijatosha. Wanaonunua fleti katika majengo mapya wana jambo jengine la kuuliza, nalo ni ada ya kila mwezi ya ulinzi, usafi na lifti, kwa sababu haiishi hata mkopo ukiisha, na wala haikai pale pale.

Kisa changu mwenyewe ni hiki. Niliposikia kwamba kulipa zaidi kunafupisha mkopo, nilianza kupeleka laki mbili za ziada kila nilipopata. Baada ya miezi 14 niliomba taarifa ya mkopo, nikakuta deni halikupungua kama nilivyotarajia hata kidogo. Benki niliyokopa ilikuwa ikizihesabu pesa zangu kama malipo ya mbele ya marejesho yajayo, zimekaa tu katika akaunti zikisubiri zamu yao, huku riba ikiendelea kuhesabiwa juu ya deni zima. Walinieleza kwamba sikutoa maagizo kwa maandishi. Ni kweli sikuyatoa. Sikujua kama yanatakiwa.

Mwanafunzi wa Fiqhi (Unguja) amejibu:

Nitasema kwa upande wa gharama, kwa kuwa hukumu ya riba mwalimu ameshasema anaijua.

Tunazo benki zenye huduma hizi. Benki ya Watu wa Zanzibar, iliyoanza mwaka 1966, ina huduma zake za Kiislamu kwa jina la Ikhlas, na kwa Tanzania nzima Amana Bank ilianza mwaka 2011 ikiwa benki ya kwanza kuendeshwa yote kwa misingi hiyo. Bidhaa zao hazifanani kutoka benki moja hadi nyengine, kwa hiyo nieleze mikataba yenyewe, nanyi muulize benki husika ni upi wanaoutumia kwa nyumba.

Katika murabaha benki hainikopeshi pesa. Inanunua nyumba kwa muuzaji, kisha inaniuzia mimi kwa bei ya juu zaidi, inayojulikana siku ya mkataba, nami nailipa kwa mafungu. Bei hiyo haiongezeki hata soko la riba likipanda, na hilo ni tofauti kubwa na ile hatari ya asilimia 19 aliyoieleza mzee wetu. Nikichelewa kulipa, benki haitakiwi kujifaidisha na ucheleweshaji wangu. Ikitoza adhabu, pesa ile hupelekwa kwenye sadaka. Lakini msidhani kwamba bei yenyewe itakuwa ya sadaka. Benki ya Kiislamu inashindana katika soko lile lile na kuwalipa wenye amana faida inayokaribiana na ya wengine, na mara nyingi jumla haiko mbali na ya mkopo wa kawaida wa muda kama huo. Zaidi ya hayo, hesabu ya laki moja ya ziada, ambayo imetushangaza sote hapa, huenda isifanye kazi katika murabaha. Bei ni deni lililokwisha thibiti, na anayelipa mapema hana haki ya moja kwa moja ya kupunguziwa. Benki ikimpunguzia ni kwa hiari yake. Ulizeni desturi yao ni ipi.

Mkataba unaowafaa zaidi kwa hali yenu, kwa maoni yangu, ni ushirika unaopungua. Katika nyumba ya milioni 75, nyinyi mnaingia na milioni 15, yaani fungu moja katika matano, na benki ina mafungu manne. Mnailipa benki kodi ya sehemu yake, na wakati huo huo mnanunua sehemu hiyo kidogo kidogo hadi nyumba iwe yenu yote. Mkipata pesa ya ziada mnanunua sehemu kubwa zaidi, na kodi inapungua tangu mwezi unaofuata. Ulizeni kodi hiyo inapitiwa upya kila baada ya muda gani, kwa sababu inaweza kupanda kama riba inavyopanda. Ulizeni pia nani anabeba bima na matengenezo makubwa, ambayo kwa asili yanamhusu mwenye mali kwa kadiri ya sehemu yake, na kama uhamisho wa nyumba kwenda benki na kisha kuja kwenu utatozwa ushuru mara mbili.

Na msisahau kifo, Mungu awape umri. Katika mirathi yetu deni la maiti hulipwa baada ya gharama za mazishi, kabla ya wasia na kabla ya warithi kugawana. Baba akifa katika mwaka wa kumi, milioni 50 za benki zinatangulia mbele ya mke, watoto na wazee wake. Kwa hiyo, bima hiyo ya maisha, au takaful, yaani bima ya Kiislamu, msiione kuwa ada ya kukwepa. Ombeni tu kuilipa pembeni kwa pesa taslimu, isiingizwe ndani ya mkopo.

Mhasibu wa Chake (Pemba) amejibu:

Nina neno dogo kwa Mstaafu, kwa heshima. Kuzitaja milioni 211 kana kwamba zote ni shilingi za leo ni kumtisha mwalimu kupita kiasi. Shilingi 880,000 za miaka 20 ijayo si hizi. Tukichukua, kwa mfano, mfumuko wa bei wa asilimia 3 kwa mwaka, rejesho la mwisho litakuwa na uwezo wa kununua vitu vya shilingi 480,000 hivi za leo, na marejesho yote kwa thamani ya leo ni kiasi cha milioni 159. Mishahara nayo hupanda, ingawa kwa kusuasua, na nyumba ya Tunguu haitabaki milioni 75. Mwaka wa kwanza ndio mzito kuliko yote, na anayeuvuka husahau. Bado ni ghali, sikatai.

Mstaafu wa Mikopo amejibu:

Nakubaliana nawe, bwana mhasibu, na ningepaswa kulisema. Ila angalia kwamba mfumuko wa asilimia 3 unapambana na riba ya asilimia 17. Huko ambako watu hukopa kwa asilimia 4 au 5, muda mrefu unaweza kuwa rafiki wa mkopaji. Hapa kwetu pengo ni pana mno kwa shilingi kushuka thamani kumsaidia sana. Na kupanda kwa thamani ya nyumba ni faida kwa anayekusudia kuuza. Mwalimu anataka kulala ndani yake.

Ummu Nasra amejibu:

Ndugu zangu, Mungu awalipe. Jana tulikwenda benki, mimi na mume wangu, na maswali yenu nikiwa nimeyaandika katika daftari la skuli. Jedwali tumepewa, baada ya kusubiri saa mbili. Tumegundua mambo ambayo hatukuambiwa mwanzo. Bima ya shilingi 1,800,000 ilikuwa imeshaingizwa ndani ya mkopo, kwa hiyo mkopo si milioni 60 bali 61,800,000, na rejesho si 880,000 bali 906,000 na zaidi. Riba inaweza kubadilishwa kwa taarifa ya siku 30. Kulipa kabla ya wakati kunaruhusiwa, kwa ada ya asilimia 2 ya kiasi kinacholipwa katika miaka mitatu ya mwanzo.

Tumezungumza hadi usiku. Mume wangu amekubali kwamba bima tuilipe wenyewe kwa pesa taslimu, hata kama itabidi tumwombe muuzaji asubiri upatu wangu ufike zamu, nao utafika baada ya miezi minne. Ameridhika pia kwamba tusisaini na benki hii kabla hatujapata hesabu ya ushirika unaopungua kutoka kwengine, tuziweke karatasi mbili pamoja tuangalie jumla na si rejesho. Mama mkwe nimempigia simu, nikamsomea hesabu ya kodi ya ndugu yetu wa Kengeja. Alinyamaza kidogo, kisha akasema kwamba yeye hakupanga, alikaa kwa wazazi wake muda wote wa ujenzi. Nilikuwa sijawahi kulisikia hilo.

Swali langu la mwisho ni juu ya ile ada ya asilimia 2. Je, inaharibu faida ya kulipa zaidi? Na maagizo hayo ya maandishi aliyoyataja dada Bint Seif huandikwaje?

Mstaafu wa Mikopo amejibu:

Haiharibu, mwalimu. Asilimia 2 ya laki moja ni shilingi 2,000, na laki hiyo katika miezi ya mwanzo inafuta marejesho matatu ya mwisho. Kama ada inawakera, wekeni akiba hiyo pembeni, mkailipe mwezi wa 37 kwa pamoja, lakini mtakuwa mmeipa riba miaka mitatu ya kufanya kazi bila ya sababu.

Barua iwe fupi. Andikeni nambari ya mkopo, tarehe na kiasi, kisha sentensi moja: "Tunaomba kiasi hiki kipunguze deni la msingi kuanzia leo, kisihesabiwe kuwa malipo ya marejesho yajayo, na muda wa mkopo ufupishwe huku rejesho likibaki kama lilivyo." Maneno hayo ya mwisho ni muhimu, kwa sababu benki nyengine hupunguza rejesho na kuuacha muda ule ule wa miaka 20. Pelekeni nakala mbili, moja igongwe muhuri wa kupokelewa irudi nyumbani, na baada ya wiki mbili ombeni jedwali jipya muangalie mstari wa salio.

Bint Seif amejibu:

Na muhuri uwe na tarehe. Wangu haukuwa nayo.